Mnara wa Roswell: sababu zilikuwepo, karatasi ikachelewa

Tarehe 12 Aprili 2010 baraza la mji wa Roswell, kaskazini mwa Atlanta katika jimbo la Georgia, lilikaa takriban saa mbili kusikiliza ombi la kampuni ya T-Mobile South la kujenga mnara wa simu kwenye eneo la makazi. Wakazi walisema yao, wawakilishi wa kampuni wakajibu, kisha madiwani wakapiga kura na ombi likakataliwa kwa kauli moja. Kwa waliokuja kupinga, ulikuwa ushindi mweupe.

Tarehe 14 Januari 2015 Mahakama ya Juu ya Marekani, kwa kura 6 dhidi ya 3, ilitamka kwamba mji huo ulikiuka sheria. Ukisoma hukumu ukitafuta hoja kuhusu urefu wa mnara, mandhari au bei ya nyumba, hutapata uamuzi wowote juu ya hayo. Majaji walikuwa wanahesabu siku zilizopita kati ya barua ya kukataa na kumbukumbu za kikao.

Ndiyo maana naiona kesi hii kuwa na faida kwa anayepinga mnara mtaani kwake kuliko kesi nyingi zenye kelele zaidi. Wakazi walifanya kazi yao vizuri. Madiwani waliwasikiliza. Kilichoharibika kiliharibika ofisini, baada ya watu kurudi makwao.

Msonobari usiokuwa msonobari

Ombi liliwasilishwa Februari 2010. Kampuni ilitaka kusimamisha mnara wa futi 108, karibu mita 33, kwenye kiwanja kitupu cha ekari 2.8. Sura yake ingekuwa ya msonobari, na haikuwa hiari ya kampuni kuuvisha mnara majani. Sheria ndogo za Roswell zilitaka mnara wowote kwenye eneo la makazi ujengwe kwa umbo la kuuficha: mti bandia, mnara wa saa, kilele cha kanisa au nguzo ya taa. Tena umbo hilo liwe, kwa maoni ya maofisa wa mji, linaendana na mazingira ya asili na majengo ya jirani, na kweli liufiche mnara.

Maneno ya kushika hapo ni "kwa maoni ya maofisa wa mji". Mji ulikuwa umejiachia nafasi ya kupima kwa jicho. Msonobari wa namna hii una shina lililonyooka kama mlingoti na matawi ya plastiki yanayofunika antena. Kwa mbali unaweza kupita, kwa karibu haumdanganyi mtu. Kama unaendana na mahali au hauendani ni swali ambalo watu wawili wenye akili timamu wanaweza kulijibu tofauti. Mwenye haki ya kulijibu kisheria alikuwa mji.

Lakini kabla ya madiwani kukaa, idara ya mipango na matumizi ya ardhi ya mji huohuo ilikuwa imelipitia ombi, ikaona linakidhi masharti yote ya sheria ndogo, ikapendekeza likubaliwe kwa masharti 3. Kwa hiyo kampuni iliingia ukumbini na turufu mkononi: wataalamu wa mji wameshasema ndiyo. Baraza linaruhusiwa kwenda kinyume na wataalamu wake. Hata hivyo likifanya hivyo linatakiwa kueleza kwa nini, maana pendekezo la wataalamu litakuwa kielelezo cha kwanza mezani kwa hakimu.

Kilichosemwa ukumbini

Wakazi walilalamika kwamba mnara hautaendana na eneo, kwamba ni mrefu mno, na kwamba teknolojia yake imepitwa na wakati. Kampuni ilirudia kwamba imetimiza kila sharti, na ikaleta ushahidi wa mthamini wa mali aliyesema minara ya simu haishushi bei ya nyumba.

Kisha wakasema madiwani, na hapa inafaa kupunguza mwendo, kwa sababu hoja zao hazikuwa na uzito sawa.

Mmoja alisema kampuni nyingine za simu tayari zina mawimbi ya kutosha eneo hilo na si kazi ya mji kuisawazishia T-Mobile uwanja. Hoja hii inapendeza masikioni, lakini mbele ya mahakama ni mtego. Sheria ya shirikisho inakataza mamlaka za mitaa kubagua isivyo haki kati ya watoa huduma wanaofanya kazi inayolingana. Diwani anayesema "wenzako wanatosha" anamkabidhi wakili wa upande wa pili sentensi ya kunukuu.

Mwingine alisikitika kwamba mnara hautakuwa na jenereta ya akiba kwa ajili ya huduma za dharura. Jambo la maana, ila linatibika kwa sharti: weka jenereta, upate kibali. Kasoro inayorekebishika kwa mstari mmoja ni sababu dhaifu ya kukataa ombi zima. Mwingine tena alisema hapo si mahali pafaapo, bila kwenda mbali zaidi.

Aliyetoa hoja ya kukataa ndiye aliyefunga mlango vizuri. Alisema mnara hauendani na mandhari ya asili ya eneo, ni mrefu kupita kiasi, na uko karibu mno na nyumba za watu kiasi cha kuwaathiri majirani na bei watakayopata wakiuza. Kipengele cha bei kilikuwa na mthamini wa kampuni upande wa pili, kwa hiyo kingebishaniwa. Mandhari na urefu vilikaa moja kwa moja juu ya sheria ndogo inayotaka mnara uendane na mahali ulipo. Kama mji ungesimama mahakamani na hizo mbili tu, ungekuwa na kesi ya kupigania.

Wote wakaunga mkono.

Mkono ambao sheria inaufunga, na ule inaouacha huru

Migogoro hii yote huko Marekani huzunguka kifungu kimoja cha Sheria ya Mawasiliano ya 1996. Bunge lao lilitaka simu za mkononi zienee haraka, lakini halikutaka kuzipokonya serikali za mitaa madaraka juu ya ardhi yao. Likafanya suluhu: mamlaka ya kuamua mnara ukae wapi inabaki mtaani, isipokuwa kwa mipaka iliyotajwa. Usibague watoa huduma. Usiweke kanuni ambazo kwa vitendo zinazuia kabisa huduma isiwepo. Amua ndani ya muda unaofaa. Ukikataa, kataa kwa maandishi, na uamuzi uungwe mkono na ushahidi wa kutosha uliomo kwenye kumbukumbu za maandishi.

Uko mpaka mmoja zaidi ambao huwauma wakazi wengi. Mamlaka ya mtaa hairuhusiwi kuzuia mnara kwa hofu ya athari za mionzi ya redio, iwapo mnara unafuata viwango vya tume ya shirikisho ya mawasiliano, FCC. Watu hujaa ukumbini kuzungumzia saratani na watoto wa shule, diwani anaguswa, anasema "kwa ajili ya afya ya wananchi nakataa", na papo hapo amekwisha kuupoteza uamuzi wake. Mwaka 2011 shirika la kimataifa la utafiti wa saratani lililo chini ya Shirika la Afya Duniani liliyaweka mawimbi haya kwenye kundi la vitu ambavyo huenda vikasababisha saratani, kundi la 2B. Uainishaji huo haukukigusa kifungu. Mtu anaweza kuiona sheria hii kuwa mbaya, na mimi sioni vizuri kwamba jambo linalowasumbua watu zaidi ndilo wanalokatazwa kulitumia. Lakini anayekwenda kikaoni leo aende akijua mlango upi umefungwa.

Upande wa kampuni nao umebanwa kwa saa. Ombi likikataliwa, ina siku 30 tu za kwenda mahakamani, na mahakama inatakiwa kuisikiliza kesi kwa haraka. Kesi ya Roswell, iliyofunguliwa Mei 2010, ilikuwa bado inasubiri jibu la Mahakama ya Juu Januari 2015. Haraka ya mahakama ina kalenda yake.

Barua ya tarehe 14 Aprili

Siku mbili baada ya kikao, idara ya mipango iliiandikia kampuni. Barua ilikuwa fupi. Iliarifu kwamba meya na baraza wamelikataa ombi la mnara wa futi 108 wenye umbo la msonobari kwenye kikao cha tarehe 12 Aprili; kwamba kumbukumbu za kikao zinapatikana kwa karani wa mji; na ikatoa namba za kupiga mwenye swali. Basi. Haikuwa na hata neno moja la kwa nini.

Kampuni ingeuliza kwa karani, ingeambiwa nini? Kumbukumbu kamili zilikuwa bado. Zilipitishwa na kutolewa tarehe 10 Mei, siku 26 baada ya barua. Siku 30 za kufungua kesi zilikuwa zinakwisha tarehe 14 Mei. Yaani mtu aliyekataliwa alibakiwa na siku 4 za kusoma sababu, kuzipima, na kuamua kama anaushitaki mji. Kampuni ilifungua kesi tarehe 13 Mei, siku ya 29, ikidai kwamba uamuzi hauna ushahidi wa kutosha na kwamba unazuia huduma. Baadaye hoja ya maandishi ikawa ndiyo kiini cha mgogoro.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Roswell ilikuwa na mali, tena nzuri, na daftari ilikuwa nayo pia. Ilichelewa tu kulifungua.

Kinachonishangaza ni kwamba hapakuwa na sababu ya kukimbilia barua ile. Mwaka 2009 FCC ilikuwa imetafsiri "muda unaofaa" kuwa siku 90 kwa antena zinazoongezwa kwenye mnara uliopo na siku 150 kwa mnara mpya. Ombi lililoingia Februari lilikuwa na nafasi hadi Julai. Idara ingeweza kuiweka barua mezani, ikasubiri baraza lipitishe kumbukumbu mwezi Mei, kisha ikatuma vyote viwili kwenye bahasha moja, na bado miezi miwili ingebaki. Majaji walio wengi waliisema njia hiyo wazi: mji usiokuwa tayari na sababu zake usitoe barua ya kukataa mpaka uwe tayari.

Ngazi tatu za mahakama

Mahakama ya shirikisho ya wilaya huko Georgia iliipa kampuni ushindi mwaka 2012: uamuzi wa maandishi lazima uwe na sababu, na barua ile haikuwa nazo. Mwaka 2013 Mahakama ya Rufaa ya Kanda ya 11, yenye makao Atlanta, ikapindua. Kwa mtazamo wake, ukikusanya barua, kumbukumbu za kina na nakala ya mazungumzo ya kikao ambayo kampuni yenyewe ilikuwa nayo, sharti la maandishi limetimia.

Mahakama za rufaa za Marekani zilikuwa zimegawanyika juu ya suala hili kwa miaka. Baadhi zilitaka hati maalumu ya uamuzi yenye maelezo ya sababu. Kanda ya 4, kwenye kesi ya Virginia Beach ya 1998, iliridhika na neno la kukataa lililogongwa kwenye karatasi ya ombi. Mahakama ya Juu ilipokubali kusikiliza Roswell, ilikuwa inaamua ugomvi wa nchi nzima kupitia msonobari mmoja.

Hukumu iliandikwa na Jaji Sonia Sotomayor. Hoja yake ni rahisi kufuata. Sheria inataka mahakama ipime kama uamuzi una ushahidi wa kutosha. Mahakama haiwezi kupima ushahidi wa uamuzi usiojulikana ulitokana na nini. Kwa hiyo mji lazima utoe sababu. Hadi hapo kampuni imepata pointi.

Kisha akaupa mji pointi: sababu si lazima ziwe ndani ya barua yenyewe, wala ziwe ndefu na za kisomi. Zinaweza kukaa kwenye kumbukumbu za kikao au karatasi nyingine, mradi ziwe wazi kiasi cha mahakama kuzielewa. Bunge liliiachia mitaa madaraka yake, na mahakama haiwezi kuibuni fomu ambayo sheria haikuitaja.

Halafu likaja lililoiangusha Roswell: karatasi hiyo ya sababu itoke wakati mmoja na barua, au karibu sana na hapo. Siku 26 si karibu.

Walioona vingine

Jaji Mkuu John Roberts alipinga, akiungwa mkono na Jaji Ruth Bader Ginsburg, na kwa sehemu kubwa na Jaji Clarence Thomas. Roberts aliuliza: sheria imesema "kwa maandishi", neno "sababu" liko wapi, na sharti la kutolewa wakati uleule liko wapi? Vifungu vingine vya sheria hiyohiyo vinapotaka mamlaka ieleze sababu, vinasema hivyo waziwazi. Na zaidi, nani aliumia? Wawakilishi wa kampuni walikaa ukumbini saa mbili nzima. Walisikia kila diwani. Kampuni ilikuwa na nakala ya mazungumzo, ina mawakili wazoefu, na ilifungua kesi ndani ya muda.

Thomas aliandika pia peke yake, akilalamika kwamba wenzake wamejitungia sharti la muda lisilo na mizizi katika maneno ya sheria.

Jaji Samuel Alito alikuwa upande wa walioshinda, lakini maelezo yake ya nyongeza ndiyo ningempa karani wa mji kwanza. Alisema sababu inaweza kuwa ya maneno machache sana, hata kusema tu kwamba mnara hauendani na mazingira yake. Alisema pia kwamba kanuni ya kawaida ya kosa lisilo na madhara inabaki palepale: kama kosa la mji halikumdhuru mtu, mahakama iko huru kulizingatia hilo. Na akaongeza kwamba mji kukosea utaratibu hakuna maana kuwa mnara lazima ujengwe.

Tathmini yangu

Juu ya kanuni, naona Sotomayor yuko sahihi. Mtu anayenyimwa kibali anastahili kujua kwa nini kabla saa yake ya kwenda mahakamani haijaisha, na hili linamlinda mnyonge kuliko linavyoilinda kampuni kubwa. Geuza viti: mkazi ananyimwa kibali na mji, anaambiwa "nenda kwa karani", na karani hana kitu kwa wiki karibu nne. Hakuna ambaye angeuita huo utaratibu wa haki.

Juu ya tukio lenyewe, Roberts ana hoja ambayo sijaona ikijibiwa vizuri. T-Mobile haikupapasa gizani. Ilijua sababu kwa sababu ilikuwepo zilipotamkwa. Kuuangusha uamuzi wa baraza zima kwa sababu karatasi ilifuata utaratibu wa kawaida wa kupitishwa kwenye kikao kinachofuata ni adhabu kali kwa kosa jepesi.

Wanaolipa bei ya kosa hilo ni watu wa tatu, ambao hawamo kwenye jina la kesi. Wakazi waliokuja kikaoni hawakuwa na mamlaka juu ya barua, hawakuiona rasimu yake, na mara mji uliposhitakiwa hatima yao ikawa mikononi mwa mawakili wa mji. Kosa la utaratibu liliwanyima nafasi ya hoja yao ya mandhari kupimwa kwa uzito wake. Kwa miaka karibu mitano watu walibishana kuhusu maana ya "kwa maandishi", na ule msonobari ukawa hautajwi ila kwa adabu.

Ndiyo maana mkazi asiridhike na kura. Amuulize karani siku hiyohiyo: barua inatoka lini, kumbukumbu zinapitishwa lini, na je, maneno ya aliyetoa hoja yatakuwemo ndani ya barua? Kwa Roswell sentensi ilikuwa tayari tangu tarehe 12 Aprili: mnara wa futi 108 hauendani na mandhari ya eneo, ni mrefu kupita kiasi, na uko karibu mno na nyumba. Kuichapa ndani ya barua ile kungechukua dakika moja, na kwa kipimo cha Alito ingetosha.

Sababu hizo zikiwa zimeandikwa, kampuni bado ingekuwa na njia ya pili: kudai kwamba kukataliwa kunazuia huduma yenyewe. Mahakama za rufaa hazikupima dai hilo kwa mizani moja. Kwingine kampuni ilitakiwa kuonyesha kwamba kuna pengo kubwa la mawimbi na kwamba mpango wake ndio unaosumbua mazingira kwa kiasi kidogo zaidi kati ya njia zilizopo. Kanda ya 4 ilikuwa ngumu zaidi kuridhika. Hapo wakazi wana kazi nyingine ya manufaa kuliko kupaza sauti: kuleta kikaoni maeneo mbadala, nguzo zilizopo, majengo marefu yanayoweza kubeba antena, ili yaingie kwenye kumbukumbu. Mahakama hupima kilichomo kwenye faili.

Kuhusu nini kifuate baada ya mji kushindwa, Mahakama ya Juu haikuamuru msonobari usimamishwe. Ililirudisha faili Kanda ya 11, ikaacha huko maswali ya madhara na ya nafuu ipi itolewe. Tangu hukumu ya Mahakama ya Juu ya 2005 kwenye kesi ya mji wa Rancho Palos Verdes, California, inajulikana kwamba anayeshinda chini ya kifungu hiki hawezi kuugeukia mji kudai fidia ya fedha kwa kupitia sheria ya haki za kiraia. Kwa hiyo kampuni inachopigania ni kibali, na mahakama nyingi za chini zimezoea kuamuru kitolewe moja kwa moja badala ya kuurudishia mji karatasi ikarekebishe. Kwa mji uliochelewa, tofauti kati ya amri hizo mbili ndiyo tofauti kati ya kupata nafasi ya pili ya kuandika sababu zake na kutazama mafundi wakimwaga msingi.